Mashine ya Catozzo ya 35mm: kagua pini kabla ya kisu

Leo Catozzo, mhariri Mwitaliano aliyehariri filamu za mwongozaji Fellini, ndiye aliyebuni mashine hii ya kuunganisha filamu kwa selotepu. Anayetaka kujua wahariri wa Ufaransa wa kizazi cha Agnès Guillemot, mhariri wa filamu za Godard, walikuwa wakipima nini kwenye meza ya uhariri, ajifunzie kwenye mashine hii. Programu ya kompyuta haimwonyeshi mtu kwamba sekunde moja, yaani fremu (picha) 24, ni karibu nusu mita ya mkanda.

Faida yake huonekana ukiilinganisha na gundi. Kwa gundi unakwangua utando wa picha kwenye ncha moja, unapaka, unalaza ncha juu ya ncha, unabana, unasubiri. Ukitaka kurudisha ulichokata, fremu za pale kwenye kiungo zimeshaharibika, na badala yake inabidi uweke vipande vyeusi, la sivyo midomo na sauti vinaachana. Selotepu haili fremu hata moja. Unabandua, unarudisha, unajaribu tena.

Hilo si jambo dogo. Guillemot alihariri filamu nyingi za mwongozaji Godard miaka ya 1960, kisha akafanya kazi na mwongozaji mwingine, Truffaut. Katika filamu ya Godard, Bande à part (1964), vijana watatu wamekaa mkahawani wanakubaliana kunyamaza dakika moja, na sauti yote ya filamu inakatika, hata kelele za mkahawa wenyewe. Dakika haifiki; ni kama sekunde 36. Ukitengeneza kimya cha urefu huo mezani, unahesabu fremu 864, zaidi ya mita 16 za ukanda usio na sauti, sambamba na mkanda wa picha. Kimya kama hicho hakina kanuni ya pa kuishia. Unakirefusha, unakifupisha, unatazama tena, na kila jaribio ni kiungo kipya.

Matumizi ni mepesi. Vika matundu ya filamu kwenye meno ya kitanda, kata penye mstari kati ya fremu mbili, kutanisha ncha bila kuzipandisha, vuta selotepu juu yake, kisha shusha kichwa kwa nguvu: kinakata selotepu na kutoboa matundu kwa pigo moja. Geuza, rudia upande wa pili. Fremu ya 35mm ina matundu 4. Ukikosea tundu moja, picha inaruka robo fremu kwenye skrini. Ncha zikiachana, mwanga mweupe unapenya. Zikipandana, kiungo kinagonga kikipita mlangoni mwa projekta, pale taa inapomulika filamu. Kwa mkanda wa sauti, ambao ni wa sumaku, tumia kisu cha mshazari, kwa sababu mkato ulionyooka husikika kama mlio mkavu.

Ukinunua mashine iliyokwisha kutumika, inafaa kabisa, ila usidanganywe na kisu kinachong'aa. Kisu hubadilishwa, pini za kutoboa zikiwa butu ndiyo shida yenyewe. Piga kiungo kimoja, kishike mbele ya taa, utazame kila tundu. Ukiona kijisahani cha selotepu kinaning'inia, iache mashine hiyo, maana kijisahani hicho kitakwama kwenye meno ya projekta na kuchana matundu. Jaribu pia kama chuma kimeshika sumaku: kisu chenye sumaku huacha mlio kwenye kila kiungo cha sauti, hata ukate kwa mshazari namna gani.

Selotepu iwe mpya, ile ya filamu. Ya zamani huvuja gundi, tabaka za mkanda zikashikana na vumbi likaganda pale pale. Kuibandua, anzia pembeni na uvute polepole kufuata upana wa mkanda. Ukivuta kwa urefu unapasua matundu.

Negativu, filamu ya asili iliyotoka kwenye kamera, isiguse mashine hii. Selotepu ni ya nakala ya kazi, ile ya kujaribia mikato. Negativu hukatwa na kuunganishwa kwa gundi, mara moja, maamuzi yote yakishakwisha.