Mary and Max: nunua diski, usitegemee mtandao

Filamu hii ya Adam Elliot, ya mwaka 2009, imetengenezwa kwa vikaragosi vya udongo: Mary, msichana mpweke wa Mount Waverley, Melbourne, na Max, mwanaume wa makamo wa New York, wanaandikiana barua miaka nenda miaka rudi. Ni kazi bora kabisa, lakini kuipata mtandaoni ni kubahatisha. Leseni za majukwaa zikiisha, filamu huondolewa, na zinazobaki ni nakala za kupakia ovyo.

Nakala hizo zinaiumiza vibaya. Melbourne ni ya kahawia, New York ni kijivu tupu, isipokuwa vitu vichache vyekundu kama kile kishada cha uzi ambacho Max anakivaa kichwani. Video ikibanwa kupita kiasi, kijivu hicho hukatika mistari mistari, giza hugeuka miraba, na barua za taipureta hazisomeki. Barua ndizo zinazobeba urafiki wao, kwa hiyo hasara si ndogo.

DVD za PAL (mfumo wa televisheni wa Ulaya na Australia, miongoni mwa nchi nyingine) zinatazamika, ila filamu hukimbizwa kutoka picha 24 hadi 25 kwa sekunde: dakika 92 huwa kama 88, na sauti nzito ya Philip Seymour Hoffman, mwigizaji anayemsemea Max, huweza kupanda kidogo. Chukua Blu-ray. Kabla ya kulipa, hakikisha herufi ya kanda ya dunia ambayo diski imetengenezewa (A, B au C) inakubaliana na mashine yako.

Kama sheria ya nchi yako inaruhusu kunakili diski uliyonunua, tumia MakeMKV, programu ya kuhamisha filamu kutoka diski hadi faili la MKV kwenye kompyuta. Tenga GB 50. Chagua faili lenye urefu wa filamu nzima, weka tiki kwenye sauti zote na maandishi yote ya chini. Ukiyaacha hapa, itabidi urudie kazi nzima. Ikigoma katikati, futa diski kwa kitambaa laini kutoka kitovuni kwenda ukingoni, kamwe si kwa kuzungusha.

Faili hilo la MKV usiliguse. Ukitaka dogo la simu, litoe kwa HandBrake, programu ya kubana video: chagua x265 (njia ya kubana) ya biti 10, na RF 18 (kipimo cha ubora). Ukitumia x264, njia ya zamani zaidi, usichague mpangilio wa “animation”. Umelengwa katuni za kuchorwa zenye rangi bapa, na hapa unaweza kulainisha ngozi ya udongo.

Mwisho, piga hesabu ya SHA-256 ya faili (namba ndefu inayobadilika faili likibadilika hata kidogo), iandike, kisha nakili kwenye diski mbili za nje, moja ikae nyumba nyingine. Rudia hesabu kila mwaka. Namba zikitofautiana, nakala hiyo imeharibika. Ifute na uirudishie kutoka ile nzima.