Okidi ya kununua Moshi au Arusha: tazama mizizi kabla ya maua

Kabla hujauliza bei, mwombe muuzaji akuinulie chungu uione mizizi. Niliwahi kununua okidi iliyosheheni maua meupe kwenye kitalu cha barabarani hapa Moshi; mwezi haukuisha, majani yakasinyaa. Nilipoitoa nikakuta imeshindiliwa udongo wa bustani. Mizizi ukiibana inatoa maji, ganda linachomoka, unabaki na uzi mkononi. Iliniuma sana. Okidi hizi kwao ni juu ya miti, mizizi inataka hewa. Mzizi mzima ni mgumu. Ukiwa mkavu una rangi ya fedha, ukilowa unageuka kijani hapo hapo. Ndani ya chungu pawe na vipande vya magome na mkaa, si udongo.

Kati ya okidi nne ninazozipanga hapa, ya kwanza kwangu ni Ansellia africana, mwenyeji wa Afrika, Tanzania ikiwamo. Maua ni ya manjano yenye madoa ya kahawia mfano wa chui, na mashina yanafanana na miwa membamba. Mizizi mingine husimama juu kama sindano, inadaka majani makavu yanayodondoka. Yakioza ndiyo mbolea yake. Inapenda mwanga mwingi na kiangazi inakivumilia. Ya kwangu niliifunga kwenye mparachichi kihambani (shamba la nyumbani) kwa vipande vya soksi za nailoni, mvua za masika zilipoanza. Sasa imeng'ang'ania gome, huwezi kuibandua bila kuikata mizizi.

Lakini iwe imezalishwa kitaluni. Ukiona mizizi imekatikakatika, kipande cha gome kimegandana nayo na majani yametobolewa na wadudu, jua imeng'olewa porini. Usiinunue, hata muuzaji akupunguzie vipi. Mmea huu hukua polepole, na mti ulioporwa okidi zake leo huenda usizione tena kwa miaka mingi. Okidi zote zimo kwenye orodha za mkataba wa CITES unaosimamia biashara ya kimataifa ya mimea na wanyama wa porini.

Ya pili ni Dendrobium chotara, zile za zambarau au nyeupe. Ni ngumu, zinafaa barazani penye jua la asubuhi, na kwa joto la Moshi hazina shida.

Phalaenopsis, asili yake Asia, naiweka ya tatu, ingawa kwa anayeishi nyumba ya kupanga bila uwanja ndiyo ningemshauri. Maua hukaa miezi miwili hadi mitatu. Jua la mchana linaiunguza. Arusha usiilaze nje Juni hadi Agosti, baridi itaiumiza. Chagua yenye matumba ya maua ambayo hayajafunguka, uifaidi zaidi.

Vanda ni ya mwisho, japo kwa uzuri huenda inazishinda zote. Mizizi inaning'inia wazi, na wakati wa kiangazi inataka maji kila siku. Kama mtaani kwenu maji ni ya mgao, subiri kwanza upate pipa la kukingia mvua. Maji ya mvua yanazifaa okidi zote, hasa Arusha ambako visima vingi vina madini ya floraidi na chumvichumvi.