LibreOffice badala ya Office ya kraki: uzoefu wangu kwenye steshenari

Nina steshenari karibu na chuo hapa Morogoro. Kompyuta ya pili niliinunua mtumba, ikiwa na Office iliyoaktivetiwa kwa KMSPico, yaani kraki ya kukwepa kulipia leseni. Kabla sijaiweka kazini nikachungulia mipangilio ya Windows Defender, antivairasi ya Windows yenyewe. Kwenye orodha ya vitu visivyokaguliwa, diski C nzima imo! Yaani mlinzi yupo getini ila kaambiwa asimkague mtu.

Fundi atakuambia kaizima kwa sababu antivairasi inaipigia kraki kelele bure. Kweli, kraki yenyewe inajifanya tu seva ya KMS, ile inayotumiwa na makampuni kuaktiveti kompyuta zao kwa siku 180 na kuhuisha tena. Balaa ni kinachofungashwa nayo. Desemba 2021 kampuni ya usalama ya Red Canary ilieleza jinsi KMSPico feki zilivyobeba CryptBot, kirusi kinachochota nywila zilizohifadhiwa kwenye brauza. Na Office inafunguka vizuri tu, kwa hiyo utashuku nini? Dukani kwangu wanafunzi wanajaza maombi ya mkopo wa HESLB, wengine wanaingia Ajira Portal kuomba kazi serikalini. Hizo nywila si zangu kuzichezea.

Nikafomati. Windows ikajiaktiveti yenyewe, maana leseni ya kiwandani ilikuwemo kwenye mashine muda wote. Kisha nikapakua LibreOffice, programu za ofisi kama Word na Excel, kwenye tovuti yao: bure, na ni halali hata kwa biashara.

Kwa barua, ripoti na risala haina neno. PDF unatoa kwa kitufe kimoja. Fonti ya Calibri haimo, ila fonti ya Carlito inakaa mahali pake kwa vipimo vilevile, mistari haihami. Nimeiweka ihifadhi kwa docx, aina ya faili za Word, moja kwa moja, wateja hawajui hata nimebadilisha.

Panapokera ni CV zile za visanduku vya rangi zilizotengenezwa kwenye Word: picha inaruka ukurasa, safu zinapandana. Faili za Excel zenye makro (amri zinazojiendesha ndani ya faili) nazo nyingine zinagoma. Hizo nazifungulia Word na Excel za bure za mtandaoni, kwa akaunti ya Microsoft. Makro hazitembei hata huko, na bando linaliwa, lakini CV inatoka ilivyo.

Nyota nne kati ya tano.