Kariatidi na atlanti: nani anaelemewa na paa?

Zote ni nguzo zenye umbo la mtu: kariatidi mwanamke, atlanti mwanamume. Tofauti inaonekana kwenye mzigo. Wale wanawake sita wa Erechtheion, hekalu la Athens, wamesimama wima, goti moja limekunjwa kidogo chini ya gauni, utadhani wanamsubiri mtu. Atlanti wa hekalu la Zeus kule Agrigento, Sicily, wenye urefu wa zaidi ya mita 7, wameinua viwiko na kuinamisha shingo. Hao wanabeba kweli!

Jina la atlanti halina utata: ni Atlas wa hekaya za Kigiriki, aliyehukumiwa kubeba mbingu. Kariatidi, kwa maelezo ya Vitruvius, msanifu majengo wa Kirumi, ni wanawake wa Karyai, mji wa Ugiriki, waliotiwa utumwani kwa kuwa mji wao uliwaunga mkono Waajemi vitani dhidi ya Wagiriki. Mimi hainiingii akilini. Delphi ilikuwa na nguzo za namna hiyo tangu karibu mwaka 525 KK, miongo kadhaa kabla ya vita hivyo.