Mkulima wa Mutomo aliyeshika kamera mwenyewe

Juzi niliitazama tena Thank You for the Rain, filamu ya mwaka 2017, safari hii nikiwa na mama aliyekuja Nairobi kutoka Makueni kumwona mjukuu. Maandishi ya Kiingereza chini ya picha hakuyahitaji. Kikamba ni chake.

Julia Dahr, mwongozaji kutoka Norway, alikuja Ukambani akamkuta Kisilu Musya, mkulima wa Mutomo, Kitui. Kwa miaka kadhaa Kisilu alijirekodi mwenyewe: shamba, mkewe Christina, watoto, na majirani anaowashawishi wapande miti. Ndiyo maana jina lake limewekwa pamoja na la Julia kama mwongozaji. Filamu nyingi za mabadiliko ya tabianchi hutuonyesha mkulima akikodolea macho ardhi iliyopasuka, kisha mtaalamu anamsemea. Hapa mkulima anasema mwenyewe, hata yale ya ndani ya nyumba yake.

Kuna sehemu moja iliyomnyamazisha mama. Mvua iliyosubiriwa inakuja kweli, lakini na upepo wa kuezua nyumba, na Kisilu bado anarekodi. Mama alishika shavu tu. Wakati wa El Niño ya 1997 mabati yetu yaliondoka hivyo hivyo. Tulilala watoto watano chini ya meza, na baada ya siku chache mbaazi zilikuwa zimechipua ndani ya magunia, vijitawi vyeupe vikitokeza kwenye matundu ya katani. Sijaona filamu nyingine iliyoielewa mvua hivyo, kwamba unaiomba na inakuumiza.

Baadaye Kisilu anafika Paris, kwenye mkutano wa tabianchi wa 2015. Inauma kuona jinsi sauti yake inavyopotea kati ya watu wengi namna ile. Hata hivyo, mimi ningepunguza Paris nikaongeza Mutomo, maana katikati ya safari hizo mama aliniuliza, "Sasa huyu baba akiwa Ulaya, shamba liko na nani?"

Liko na Christina. Filamu haimfichi, uchovu wake unaonekana, na mzigo wa ndoa hiyo unaonekana pia. Lakini kila Christina alipoanza kusema, mama alisogeza kiti karibu na televisheni, na kila picha ilipohama alilalamika, "Ngoja kwanza, hajamaliza."