TAHADHARI: Kishoka wa fidia za ajali anayezunguka kwenye misiba

Ndugu zangu, someni hii hata kama hamna msiba.

Kaka yangu alifariki kwenye ajali ya basi barabara ya Morogoro. Tulizika Jumatano. Alhamisi asubuhi, watu bado wamelala turubaini, akaingia baba mmoja wa makamo, shati jeupe, mkoba kwapani. Akakaa na wazee, akanywa uji, akatoa rambirambi elfu kumi. Baadaye ndiyo akasema anatoka "bima". Bima ipi, hakusema. Ila namba ya basi, jina la dereva na kituo cha polisi chenye jalada alivijua kabla yetu, na hapo wazee wakamwamini.

Akaomba laki na nusu ya "kufungua madai". Tukachanga. Wiki iliyofuata elfu themanini ya kufuatilia PF 90, ile ripoti ya polisi ya ajali, na ramani ya ajali. Tukatuma. Hizo zimekwenda, sizililii. Kilichonifanya niandike ni karatasi.

Siku ile ya kwanza alizungusha karatasi ya mistari, eti orodha ya mahudhurio, bima wanataka kujua familia ina watu wangapi. Jina, uhusiano na marehemu, sahihi. Baba mdogo akasaini. Shangazi akaweka dole gumba. Shemeji, mjane mwenyewe, alisaini bila hata kuangalia. Juu ya majina paliachwa nafasi tupu, kama mistari sita hivi. Nani angeiona asubuhi ile?

Mwezi wa pili baada ya msiba nikaenda Mahakama ya Mwanzo kuulizia mirathi. Karani akapekua daftari, akanitazama. "Mbona imeshafunguliwa?" Tangazo lilikuwa ubaoni: jina la kaka, na mwombaji wa usimamizi ni "mdogo wa marehemu" ambaye ukoo mzima haumjui. Nikaomba kuona muhtasari wa kikao cha familia. Ndiyo ile karatasi yetu! Mistari sita ya juu imejazwa kwa wino mweusi, sahihi zetu za bluu ziko chini, kwamba wanaukoo kwa kauli moja tumempendekeza huyo bwana. Dole la shangazi pale pale, limechafuka kidogo upande mmoja.

Mchezo wote uko hapo. Kampuni ya bima hailipi ukoo, inamlipa msimamizi wa mirathi aliyeteuliwa na mahakama, yule mwenye Fomu Na. 4, yaani barua ya mahakama ya kumteua. Msimamizi anatakiwa agawie warithi na arudishe hesabu mahakamani, lakini mtu aliyejiingiza kwenye ukoo kwa kalamu atarudi kufanya nini? Tuliweka pingamizi. Siku ya kusikilizwa hakutokea, na sasa msimamizi ni shemeji.

Kumbe njia yenyewe haikuhitaji mtu wa kati. Sheria ya Bima ya Magari, Sura ya 169, inataka kila gari linalotembea barabarani liwe na bima ya watu wa tatu, inayofidia watu wanaodhurika na gari hilo, hii tunayoiita bima ndogo. Ukiwa na namba ya gari, unaingia kwenye mfumo wa TIRA, mamlaka inayosimamia kampuni za bima, kwa simu yako na kuona kampuni iliyolikatia bima. Sisi ilituchukua muda wa kunywa chai. Kisha unapeleka karatasi za polisi, taarifa ya uchunguzi wa mwili, cheti cha kifo cha RITA na barua ya mahakama. Kwenye kupokea madai hatukudaiwa hata shilingi. Wakikuzungusha, kuna TIRA wenyewe na kuna Msuluhishi wa Migogoro ya Bima.

Kuna mtego mwingine, na huu nusura umnase shemeji. Yule baba wa mkoba alimletea hati ya kukubali malipo, ile ambayo ukishaisaini umemalizana na bima, hudai tena. Sehemu ya kiasi ilikuwa wazi. "Saini tu mama, nitajaza ofisini." Bahati nzuri mwanae wa kidato cha pili aliichukua kuisoma, akauliza mbona haina pesa.

Anajiita wakili pia, na muhuri anao. Jina la kwenye muhuri tulilitafuta e-Wakili, orodha ya mawakili ya Mahakama iliyoko mtandaoni, halimo. Mawakili wa kweli wapo na wengine wanasimamia kesi hizi vizuri, sina ugomvi nao, ila jina litafute kwanza.

Namba yake haipatikani tena, kwa hiyo msiombe niiweke. Basi lile lilikuwa na marehemu wengine. Nimezipata familia mbili mpaka sasa. Ya Manyoni nao walipitishiwa karatasi ya mahudhurio, wakasaini watu kumi na wanne. Jumatatu wanakwenda kusoma ubao wa mahakama yao.