Mthamini binafsi barabara inapokata kiwanja: nyota 4, akiitwa mapema

Halmashauri ikitaka barabara ipite kwenye ardhi ya mtu, huja na mthamini wake. Tunayempima hapa ni yule wa pili, anayelipwa na mwenye ardhi. Faida yake kubwa haiko kwenye bei ya udongo uliochukuliwa, iko kwenye kipande kinachobaki.

Mthamini wa mradi mara nyingi huzidisha eneo lililomegwa kwa bei ya mita ya mraba, akafunga faili. Anayeijua kazi hupiga hesabu mbili: thamani ya kiwanja kizima kabla ya barabara, na thamani ya kilichobaki baada yake. Tofauti ndiyo hasara. Chukua kiwanja cha mita 20 kwa 40. Barabara ikila ukanda wa mita 8 kwenye upande mrefu, zinaondoka mita za mraba 320, sawa na asilimia 40. Upana unaobaki ni mita 12. Kanuni za ujenzi zikidai, tuseme, mita 3 zisizojengwa kila upande, nyumba imebakiwa na mita 6. Hasara hiyo si asilimia 40 tena.

Usimchukue mthamini asiye na mpima ardhi. GPS ya mkononi hukosea mita 3 hadi 5 hivi; kwenye mpaka wa mita 40, kukosea mita 3 ni kupoteza mita za mraba 120. Dai vifaa vya RTK (GPS inayosahihishwa papo hapo na kituo cha pili), ambavyo kosa lake ni sentimita chache, na kipimo kianzie kwenye bikoni, yaani alama za mpaka, zilizosajiliwa. Hifadhi ya barabara nayo ipimwe kutoka mstari wa katikati ulio kwenye ramani ya usanifu. Anayeipima kutoka ukingo wa njia ya zamani amekosea tangu mwanzo, maana njia za udongo huhamahama kila mvua inapochimba.

Kwenye orodha ya mali, vinavyosahaulika ni vilivyofukiwa: bomba, tangi, msingi ambao haujainuliwa. Ukuta uandikwe urefu, kimo na unene. Miti aina, umri na idadi.

Uchakavu wa majengo huleta ugomvi. Sheria nyingi huruhusu ukatwe, ila mradi unaofuata Kiwango cha 5 cha IFC, tawi la Benki ya Dunia linalofadhili sekta binafsi, hutakiwa kulipa gharama kamili ya kujenga upya bila kuukata. Kwa hiyo ulizia kwanza nani anatoa fedha.

Nyota moja tumemnyima kwa sababu ya maji. Wathamini wengi hawasomi michoro ya mitaro, kumbe barabara ikiinuliwa kwa tuta juu ya usawa wa kiwanja, au mdomo wa kalavati ukielekezwa uani, fidia yote itaishia kwenye kuzuia mafuriko. Hapo mlipe mhandisi akusomee. Eneo ambalo mkandarasi atalimwagia kokoto kwa muda pia lisichanganywe na fidia. Ni kodi ya pango, yenye mkataba wake na sharti la kulirudisha lilivyokuwa.

Aitwe kabla ya tarehe ya mwisho ya kuorodhesha mali. Ukishasaini fomu ya fidia, ripoti yake haina kazi kubwa. Malipo ya mthamini yawe ya mkupuo: anayelipwa kwa asilimia hushawishika kupandisha tarakimu, na tarakimu zisizo na ushahidi wa mauzo ya jirani hutupwa kwenye pingamizi. Mkataba utaje kwamba siku ya kusikilizwa pingamizi atafika yeye mwenyewe, si msaidizi wake.